Barua ya wazi – Yah: Kutafutwa kwa chura maridadi wa Milima ya Ukaguru

Kwa Waziri wa Maliasili na Utalii. Kamishna wa Uhifadhi wa Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania (TFS). Mkuu wa Mkoa wa Morogoro. Wakuu wa Wilaya za Gairo na Kilosa. Na wabunge wetu.

Waheshimiwa,

Husikeni na kichwa cha habari hapo juu.

Miaka 33 nimefundisha watoto kuanza barua ya kikazi kwa maneno hayo, na leo ni mara yangu ya kwanza kuyaandika kwa ajili ya chura. Msicheke kwanza. Mwaka juzi nilikwenda kwenye ofisi moja, sitaitaja, kuuliza kama kuna mpango wowote wa kuwatafuta vyura wa mlima wetu. Kijana aliyenipokea alinipa kiti, akanisikiliza kwa adabu mpaka mwisho, kisha akasema: "Mwalimu, yaani chura tu?" Sikumlaumu. Na mimi nimekulia huku nikiamini kwamba ukimgusa chura utaota chunjua. Ila swali lake sikulijibu vizuri siku ile. Nilibabaika, nikaaga, nikashuka ngazi nikijilaumu mwenyewe. Barua hii ndiyo jibu nililopaswa kumpa.

Ndiyo, chura tu. Lakini chura huyu anaitwa Churamiti maridadi. Si jina la utani hilo. Ndilo jina lake la kisayansi, na linaandikwa hivyohivyo na Mjerumani, Mchina na Mbrazili. Alan Channing na William Stanley, waliomtangaza mwaka 2002, walimkuta hafanani na jamaa zake kiasi cha kustahili jenasi, yaani kundi la spishi za karibu, yake peke yake. Wakaingia katika Kiswahili wakachukua maneno matatu, chura, miti na maridadi. Kama mwalimu ningepiga mstari mwekundu chini ya "churamiti", maana sisi tungesema chura wa mitini, ila kwa "maridadi" nawapa alama zote. Stanley, kwa taarifa yenu, hakuwa mtu wa vyura. Alikuwa mtafiti wa panya na virukanjia kutoka makumbusho moja ya Chicago. Mtu wa panya amekuja mlimani kwetu, amekutana na chura, amempenda, amempa jina la lugha yetu. Sisi wenye lugha hatumjui.

Makao yake yanayojulikana ni mahali pamoja duniani: Milima ya Ukaguru, katika Msitu wa Hifadhi wa Mamiwa-Kisara Kaskazini, juu ya mita 1,600 kutoka usawa wa bahari. Waliowahi kufika mikononi mwa wanasayansi unawahesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Orodha Nyekundu ya IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi wa asili, imemweka kwenye daraja la walio hatarini sana kutoweka. Baada ya daraja hilo linalofuata ni kutoweka porini.

Wengi wenu mmepita Gairo. Mmepita kwa gari, mnaelekea Dodoma bungeni, mmesimama dakika tano kununua viazi vitamu, upepo umewapiga vumbi la macho, mmeondoka. Kutoka pale barabarani ukitazama upande wa milima utaona wingu limekaa juu yake kama kitambaa juu ya ungo. Watu wa chini wanadhani ni mapambo. Sisi wa Nongwe tunaishi chini ya mkono wake. Kule juu si lazima mvua inyeshe ndipo ulowe. Hewa yenye unyevu inatoka Bahari ya Hindi, inavuka tambarare zote, inagonga mlima na kupanda. Ikipanda inapoa, ikipoa inakuwa wingu, na wingu lenyewe linatembea katikati ya miti. Majani yanalichuja. Asubuhi ambayo mbingu haijatoa hata tone, simama chini ya mti mkubwa wa asili utasikia matone yakianguka kwenye majani makavu. Magogo yamevaa ule ukijani laini, ukiuminya kwa kiganja unatoka maji kama umeminya dodoki.

Chura hanywi kwa mdomo kama mbuzi. Ngozi yake ndiyo inayonywa. Kwa hiyo kwake wingu lile ni mtungi wa maji, na mkiondoa miti, wingu litapita juu kwa juu bila kumwachia kitu. Maji hayohayo, yakishatoka kwenye mizizi, yanakuwa vijito, vijito vinashuka kuingia Mto Wami, na Wami ndio unaonywesha Chalinze. Nimetaja Chalinze makusudi. Najua chura hana kura.

Sasa nisikilizeni kwa makini, maana hapa ndipo barua ilipo. Msitu huohuo mmoja, katika miaka isiyozidi 21, umewapa wanasayansi vyura wanne waliokuwa hawajulikani. Mwaka 2002 ni huyo maridadi. Mwaka 2006 akatangazwa Probreviceps durirostris, huyu ni wa chini, mchimbaji. Mwaka mmoja kabla yake, 2005, alikuwa ametangazwa Nectophrynoides laticeps, wa ukoo ule wa ajabu wa vyura wa Tanzania wasiotaga mayai majini bali huzaa vyura wadogo waliokamilika. Na mwaka 2023 akatangazwa wa nne, Hyperolius ukaguruensis.

Huyu wa nne kisa chake kinanisisimua kila nikikisimulia. Mwaka 2019 timu ya watafiti, akiwamo John Lyakurwa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilipanda Ukaguru kumtafuta churamiti. Walimtafuta, hawakumpata. Walichokipata ni kichura kidogo cha matete, kina vijimiiba kooni, ambacho hakilii. Si kwamba analia kidogo au analia msimu fulani. Dume hana wito. Vyura karibu wote mnaowajua, dume ndiye anayekesha akipiga kelele ili jike amsikie, huyu ananyamaza. Watafiti wanadhani vile vijimiiba ndivyo jike anavyomtambulia mwenziwe, kwa kugusa, kama asiyeona anavyosoma nukta nundu.

Mnapenda sana, Waheshimiwa, ile methali ya kelele za chura hazimzuii ng'ombe kunywa maji. Nimeisikia majukwaani zaidi ya mara moja, na kila mara ng'ombe alikuwa msemaji na chura alikuwa mwananchi anayelalamika. Basi huyu wa kwetu hata hizo kelele hana. Msitu utafyekwa, barabara itapitishwa, moto utapanda kutoka mashambani, na yeye hatasema neno.

Kuna jambo la kiufundi hapa ambalo halihitaji shahada kulielewa. Siku hizi watafiti wa vyura wanatundika vinasa sauti mitini, wanarudi zao mjini, kompyuta inasikiliza usiku kucha na kutaja nani yupo na nani hayupo. Ni rahisi na ni nafuu. Kwa chura bubu kifaa hicho ni pambo. Na kwa churamiti, ambaye ameonekana mara chache namna ile, hakuna maktaba ya sauti ya kumlinganisha nayo. Vyura hawa wanapatikana kwa njia moja ya kizamani: mtu, tochi, usiku, mvua, na subira. Wasipotafutwa kwa miguu hawapo kwenye karatasi, na asiyekuwepo kwenye karatasi hakatazi mradi wowote.

Nimewahi kwenda. Ilikuwa mwezi wa pili, mvua zimekolea, vijana wawili wanafunzi wa wanyamapori walihitaji mwenyeji wa kuwapikia na kuwaonyesha njia, nikasema nitapika na nitapanda. Kabla hatujaingia msituni walitoa ndoo, wakachanganya maji na klorini, wakaosha gambuti zao kwa brashi mpaka chini ya nyayo, kisha wakanigeukia. "Na za kwako, Mwalimu." Nilidhani ni unadhifu wa watu wa mjini. Wakanieleza kuhusu kuvu aitwaye kitridi, anayekula ngozi ya chura, ambaye ameua vyura Amerika, Australia na kwingineko, na ambaye anaweza kupanda mlima kwenye tope la kiatu. Mimi niliyepanda na kushuka mlima ule maisha yangu yote sikuwahi kuambiwa na mtu yeyote, afisa wala mgeni.

Tukaanza saa mbili usiku. Kutembea kwenyewe si kutembea. Ni hatua moja, unasimama, unamulika jani moja juu, jani moja chini, unamulika upande wa nyuma wa jani, unamulika shina kutoka usawa wa goti mpaka mkono usipofika. Kufika saa nne tulikuwa tumeenda umbali ambao mchana ningekwenda kwa dakika kumi. Shingo inauma kwa kutazama juu. Maji yanaingia kwenye kola yanatokea kwenye soksi. Karibu na saa sita kijana mmoja akasema polepole, "Tusisogee." Juu ya jani pana, usawa wa uso wangu, alikaa chura wa ukubwa wa kucha ya dole gumba, koo linapanda na kushuka, jicho moja linang'aa kama punje ya dhahabu. Nikashika pumzi. Kijana akamtazama muda mrefu, akapiga picha, akaandika saa, mwinuko na hali ya hewa kwenye daftari lililolowa pembe, akasema, "Siye." Tukaendelea. Usiku tatu, na kila usiku siye.

Ndiyo maana nawaambia kazi hii ya kutafuta si ya wiki moja wala ya mgeni mmoja kila baada ya miaka kumi na tano.

Nchi hii tayari ina kumbukumbu ya kuchelewa. Mnaijua, lakini niruhusuni niwakumbushe, maana waliokuwa madarakani wakati ule wengi wamestaafu kama mimi. Mwaka 1996, kwenye korongo la Kihansi, Udzungwa, watafiti wa mazingira walimkuta chura mdogo wa manjano anayeishi kwenye mvuke wa maporomoko, eneo zima la karibu hekta 2. Ujenzi wa bwawa la umeme ulikuwa umeshaanza. Mitambo ilipowashwa, sehemu kubwa mno ya maji ilielekezwa kwenye mashine na mvuke ukakauka. Yakafuata mambo ya haraka: vyura 499 wakapandishwa ndege kwenda Marekani mwaka 2000, mabomba na vinyunyizio vikafungwa korongoni kuiga mvuke ambao maporomoko yalikuwa yakiutoa bure. Ikaonekana kama wamepona, kisha mwaka 2003 wakaporomoka ghafla, na kitridi akakutwa pale. Mwaka 2009 akatangazwa ametoweka porini. Mwaka 2012 wakaanza kurudishwa, watoto na wajukuu waliozaliwa kwenye matangi ya vioo ya bustani za wanyama za Bronx na Toledo, Marekani, wakarudi kwenye mvua ya bomba.

Wanasayansi wetu wanastahili sifa kwa kumrudisha. Ni kazi ambayo dunia inaisoma mpaka leo. Wala sisemi bwawa lisingejengwa. Megawati 180 zilihitajika, na madaftari ya wanafunzi wangu niliyasahihisha kwa taa ya umeme. Ninachosema ni kwamba chura yule alijulikana wakati zege limeshachanganywa. Angejulikana miaka kumi kabla, wahandisi wangekaa mezani wakiwa na habari zake, pengine wangechora bomba lingine. Ukaguru hatuna bwawa. Bado tuko kwenye ile miaka kumi ya kabla. Nani anajua imebaki mingapi?

Ninachoomba si kikubwa. TFS ina shamba la miti hapahapa Ukaguru. Misindano, paini kama wauza mbao wanavyoita, inavunwa, inalipiwa, malori yanashuka. Ile hela ya mbao itengewe fungu dogo la kila mwaka la kuwatafuta vyura wa msitu wa asili ulio jirani: timu ipande kila msimu wa mvua, si mara moja kwa fadhila ya mfadhili. Timu hiyo iwe na wataalamu wa vyuo vyetu, na iwe na vijana wa vijiji vinavyouzunguka msitu, walipwe posho kama mtu mwingine yeyote anayekesha kazini. Nina vijana sita niliowafundisha ambao macho yao usiku ni ya paka. Leo macho hayo yanatumika kutafuta mahali pa kupasulia mbao bila kuonekana na askari wa misitu. Nawajua, nao wanajua nawajua. Na matokeo, hata yakiwa ni "siye" mwanzo hadi mwisho, yasomwe kwenye mkutano wa kijiji kwa Kiswahili. Chura ana jina la Kiswahili, ripoti yake iandikwe Kiingereza kwa nini?

La pili linawahusu wanaosaini vibali. Tathmini ya athari kwa mazingira inayofanywa mwezi Agosti, mchana, na mtu aliyefika kwa gari na kuondoka kabla ya giza, haiwezi kumwona chura hata kama amejaa. Ataandika "hakuna spishi adimu iliyobainika", na atakuwa amesema kweli: hakuibaini. Kwa hiyo mradi wowote utakaogusa msitu wa juu, iwe barabara, nguzo za umeme, mnara wa simu au nyongeza ya shamba la misindano, usipewe kibali mpaka watu wenye tochi wamelala huko msimu wa mvua. Sina ugomvi na misindano ikibaki ilipo. Inatupa mbao, inatupa vibarua, mimi mwenyewe nimeezeka kwayo. Ila msindano unavunwa wote kwa mkupuo, kivuli kinapanda lori, na chura wa wingu hawezi kusubiri miaka ishirini na ushee kikue kingine.

Ndoo ya klorini na brashi kwenye kila njia inayoingia msituni. Hili halihitaji hata kikao.

Moto nao. Kila kiangazi unaanzia kwenye mashamba ya maharage na viazi yanapoandaliwa, upepo ukigeuka unapanda. Njia za moto zisafishwe mapema, kabla ya Agosti, na zisafishwe na wanavijiji kwa malipo. Hapa naomba msinielewe vibaya. Sijaandika barua hii ili kesho askari waje kuwatimua watu na kupekua nyumba zao kutafuta panga. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 imetaja usimamizi shirikishi; itumieni hiyo. Binamu yangu analima hadi mpakani kwenyewe, na nilipomweleza kuhusu chura bubu aliniuliza maswali mengi kuliko yule kijana wa ofisini. Aliniuliza anakula nini. Aliniuliza kama dawa tunayopulizia maharage inamfikia. Nilimwambia nitawauliza wakubwa. Basi nawauliza: inamfikia?

Wapo watakaosema kwamba huenda churamiti ameshakwisha, tunatafuta marehemu. Inawezekana. Lakini msitu ule una miti mirefu ambayo hakuna mtu aliyewahi kuipanda usiku, na chura wa mitini anakaa mitini. Tulichotafuta sisi ni sehemu ya chini tu, pale tochi inapofika. Mpaka mtu apande na kamba, mimi nitamhesabu yuko hai, na ningependa Serikali nayo imhesabu hivyo katika mipango yake.

Mvua zetu za kwanza huanza Novemba, zinakolea Januari. Anayetaka kuja aje. Wala si lazima awe mkubwa, hata yule kijana aliyenipa kiti namkaribisha, nyumbani kwangu kuna chumba cha wageni na viazi havikosekani. Tochi ninayo moja na betri zake zimechoka. Mje na za kwenu, na gambuti mziosheeni hukohuko kabla hamjapanda.

Wenu katika ujenzi wa taifa,

Mwalimu mstaafu,
Nongwe, Wilaya ya Gairo, Morogoro.